Barua za Wasafiri: Chichén Itzá Kabla Jua Halijakolea

Barua za mara hii karibu zote zimeelekea sehemu moja: rasi ya Yucatán, kusini-mashariki mwa Meksiko, kwenye Chichén Itzá na magofu mengine ya Wamaya, wenyeji wa asili wa huko, na kwenye senote, vile visima vikubwa vya asili ambavyo watu huteremka kuogelea ndani yake. Tumekata salamu ndefu, tukabakiza maswali.

Shikamooni wahariri. Mwezi wa pili mimi na mume wangu tutakuwa Cancún kwa wiki moja. Tumepewa bei mbili za safari ya siku moja: Chichén Itzá, senote, chakula cha mchana, kisha kupita mji wa Valladolid. Bei ya pili ni karibu mara tatu ya ile ya kwanza, na vituo ni vilevile. Tunaibiwa, au kuna kitu hatukioni? — Mama wa Minneapolis

Marahaba. Hamwibiwi. Mnachouziwa kwa bei ya juu ni saa. Vituo ni vilevile, lakini mpangilio wake sio uleule.

Kutoka Cancún hadi Chichén Itzá ni takriban kilomita 200, mwendo wa saa mbili na nusu kwa barabara ya kulipia, gari lisiposimama njiani. Basi la bei nafuu kazi yake ni kusimama. Linazunguka hoteli moja hadi nyingine kukusanya abiria, linatoka mjini limeshachelewa, linaingia kwenye duka la vinyago na tequila ambako waliowaleta wana kamisheni yao, mnapelekwa mezani au kwenye senote, na magofuni mnafika saa sita au saba mchana. Wakati huo uwanja unawaka, kivuli kipo pembezoni tu chini ya miti, na mabasi yote ya pwani yamemwaga watu kwa pamoja. Mtapewa saa moja na nusu, na nusu yake itaishia kumsikiliza mwongozaji aliyezungukwa na watu arobaini.

Safari ya bei ya juu, kama ni ya kweli, inaondoka Cancún saa kumi na moja alfajiri au saa kumi na mbili, ina watu wachache kwenye gari dogo, na iko langoni kabla ya saa mbili asubuhi, muda wa kufungua. Mkitoka saa nne na nusu mnapishana na mabasi yakiingia. Senote inafuata, na hapo ndipo mahali pake. Kabla ya kuingia majini mtaoshwa losheni yote ya jua. Ikitangulia senote, mtaingia uwanjani mchana wa jua kali mkiwa na ngozi isiyo na kinga na nguo mbichi ndani ya begi.

Kwa hiyo kabla ya kulipa, ulizeni mambo manne na mjibiwe kwa maandishi. Kwanza, tutafika langoni saa ngapi kwa saa ya Yucatán? Msiridhike na saa ya kuchukuliwa hotelini. Pili, ada za kuingia zimo? Chichén Itzá hukata tiketi mbili, moja ya taasisi ya taifa ya mambo ya kale, INAH, na nyingine ya jimbo la Yucatán. Kwa mgeni jumla inazidi peso 600, nayo hupandishwa mara kwa mara. Kampuni nyingi hutangaza bei bila ada hizo, huziita “kodi”, kisha huzikusanya ndani ya basi kwa dola na kwa kiwango cha kubadilishia cha kwao. Bei ya “nafuu” ikishaongezwa hizo, pamoja na kabati la kufungia mizigo, jaketi okozi na soda za mezani, pengo lile la mara tatu linapungua sana. Tatu, dukani tutakaa dakika ngapi? Kampuni isiyopita dukani itajibu papo hapo. Nne, mwongozaji ana kitambulisho cha wizara ya utalii, SECTUR? Kina picha yake na lugha alizoidhinishwa. Msindikizaji wa abiria anayesoma maelezo kwenye simu hana.

Kama mnaweza kuchagua siku, epukeni Jumapili. Raia na wakazi wa Meksiko huingia bure siku hiyo, na familia nzima nzima huja. Ni haki yao, ila foleni ni ndefu.

Tiketi yetu inasema gari litatuchukua saa moja kamili asubuhi. Saa ya wapi? — Msomaji wa Toronto

Ya mahali gari linapowachukua. Jimbo la Quintana Roo, lenye Cancún, Playa del Carmen na Tulum, liko saa moja mbele ya jimbo la Yucatán, lenye Chichén Itzá, Valladolid na Mérida. Ni hivyo mwaka mzima, kwa kuwa sehemu kubwa ya Meksiko iliacha kusogeza saa mwaka 2022. Kwenda mnapata saa moja ya bure, kurudi mnailipa: mkiondoka Valladolid saa kumi na mbili jioni, safari ni ya saa mbili lakini Cancún mtaingia saa tatu usiku. Msiiweke ahadi ya chakula cha jioni siku hiyo. Simu nayo hubadili saa yenyewe karibu na mpaka wa majimbo, wakati mwingine ikarudi nyuma tena, hasa karibu na kijiji cha Cobá. Saa ya mkononi ndiyo ya kuiamini.

Mimi ni Mkenya, nina visa ya Marekani ya kuingia mara nyingi. Nahitaji ya Meksiko pia? — Msomaji wa Nairobi

Huhitaji, ilimradi hiyo visa ni hai kwa siku zote utakazokuwa huko. Vivyo hivyo kwa visa hai ya Kanada, Japani, Uingereza au Schengen, na kwa mwenye ukaazi wa kudumu katika nchi hizo. Kama visa imo kwenye pasipoti ya zamani, beba pasipoti zote mbili. Mkenya au Mtanzania asiye na chochote kati ya hivyo anaomba visa ya Meksiko, na Nairobi kuna ubalozi wake. Kinachowakwamisha wengi ni njia. Ndege nyingi kutoka kwetu hupitia Marekani, na Marekani hairuhusu kupita bila visa hata kama hutoki nje ya uwanja. Soma kanuni kwenye tovuti ya ubalozi kabla ya kununua tiketi, sio baada.

Assalaam alaykum. Mimi na binti zangu wawili huvaa vazi la kuogelea la kufunika mwili mzima. Kwenye senote tutaruhusiwa? Na hiyo bufee ya mchana ina chakula gani? — Mama wa Muscat

Waalaykum salaam. Vazi halina tatizo likiwa la kitambaa cha kuogelea. Zinazokataliwa hapa na pale ni nguo za pamba na jinzi, zinazobeba maji na kuacha nyuzi. Kwa kweli nyinyi mtakuwa na nafuu kuliko wenzenu, kwa sababu losheni ya jua na dawa ya kufukuzia mbu vyote vimekatazwa, na nguo ndefu ndiyo kinga inayobaki. Ile losheni inayoandikwa kwamba ni rafiki wa mazingira nayo hukataliwa kwenye senote nyingi.

Sababu iko chini ya miguu. Kaskazini mwa rasi hii hakuna mito juu ya ardhi. Mvua inapenya kwenye mwamba wa chokaa na kutiririka kwenye mapango, na senote ni mahali paa la pango lilipoporomoka. Kwa hiyo maji mnayoogelea ni yaleyale ambayo kijiji cha jirani huyavuta kwa pampu. Mafuta yakishaingia hayana pa kwenda, yanatanda juu. Ndiyo maana kuna bomba la kuoga kabla ya ngazi, na mlinzi anayetazama kama umeoga kweli.

Hapo ndipo mafuta ya nywele yanapoleta shida. Kama mabinti wamesuka na kichwa kimepakwa mafuta ya nazi, waoshe kwa shampuu jana yake usiku hotelini, kwa sababu bomba la pale ni maji matupu na halitoi kitu. Kofia ya kuogelea chini ya kilemba itasaidia. Bebeni taulo mbili kila mmoja na mtandio mkavu. Maji ni nyuzi 24 au 25 mwaka mzima, jambo tamu kwa dakika kumi za kwanza, lakini kwenye senote ya pangoni hakuna jua la kujianika, na mtoto mwembamba huanza kutetemeka ndani ya nusu saa.

Chakula kinataka uangalifu zaidi ya vazi. Kinachosifiwa kuliko vyote Yucatán, *cochinita pibil*, ni nguruwe. Tena maharage ya kupondwa mara nyingi hukaangwa kwa mafuta ya nguruwe, *manteca*, na unga wa *tamal*, donge la mahindi linalopikwa ndani ya majani, huchanganywa nayo, kwa hiyo sahani isiyo na kipande cha nyama haijawa salama bado. Sentensi ya kusema ni *sin puerco y sin manteca, por favor*. *Pollo pibil* ni kuku aliyelowekwa kwenye maji ya chungwa chungu na achiote, kiungo chekundu cha mbegu, akaokwa ndani ya majani ya migomba, na *sopa de lima* ni supu ya kuku yenye ndimu. Lakini huyo kuku hakuchinjwa kihalali, basi anayezingatia hilo ashike samaki, mayai, wali na matunda. Na ile sosi ya rangi ya machungwa kwenye kibakuli kidogo ni ya pilipili habanero. Onjeni kwa ncha ya uma.

Mume wangu hajui kuogelea na mtoto wetu ana miaka sita. Kampuni inatupeleka senote ya Ik Kil. Inatufaa? — Dada wa Dar, sasa yuko Houston

Kwa macho, ndiyo. Iko kilomita chache tu kutoka Chichén Itzá, shimo la duara lenye mizizi inayoning'inia kutoka juu, na maji yako takriban mita 26 chini ya usawa wa ardhi. Kina chake ni zaidi ya mita 40. Maana yake hakuna mahali pa kusimama: ukiachia ngazi umeshaingia kwenye kina. Jaketi okozi zinapatikana, na aliyevaa ataelea, lakini kati ya saa tano na saa nane mchana maji hujaa watu wanaopigana vikumbo, na asiyejua kuogelea huogopa zaidi watu kuliko kina.

Mkienda, mjaribu jaketi la mtoto kabla hajagusa maji. Funga vifungo vyote, kisha mnyanyue kwa kushika mabega ya jaketi. Likipanda mpaka kidevuni au masikioni, ni kubwa, na majini litapanda hivyohivyo huku yeye akiteleza chini yake. Omba dogo, au lenye mkanda wa kupita katikati ya mapaja. Vaeni viatu vya mpira vya majini, kwa kuwa ngazi za mawe zimelowa siku nzima. Wengi wanaoumia kwenye senote huteleza tu ngazini, na wengine huruka pasiporuhusiwa. Penye jukwaa la kurukia, tangulizeni miguu.

Ila tungekuwa nyinyi tungebadili safari yenyewe. Nendeni magofu ya Tulum, yaliyojengwa juu ya jabali linalotazama bahari, halafu Cenote Azul iliyo kando ya barabara ya kwenda Playa del Carmen. Iko wazi juani na ina vidimbwi ambavyo mtoto anasimama, na visamaki vidogo vinavyodonoa miguu. Gran Cenote, karibu na Tulum, nayo ina sehemu ya maji mafupi. Tulum siku hizi ada ni zaidi ya moja, kwa sababu magofu yamo ndani ya Hifadhi ya Jaguar, basi bebeni peso taslimu. Kivuli hakuna kabisa, ingieni saa mbili asubuhi.

Nimesoma kwamba kupanda piramidi ya Chichén Itzá kumekatazwa. Sasa mtu anakwenda kufanya nini? Na ni kweli kwamba mabinti bikira walitupwa kwenye kisima? — Mwalimu wa historia, London

Kupanda kumekatazwa kwa miaka mingi sasa, baada ya mtalii kuanguka na kufa mwaka 2006, na hakuna mwongozaji wa “kukupenyeza”. Lakini vya kufanya vipo.

Anza upande wa kaskazini wa piramidi hiyo, iitwayo El Castillo. Kila upande una ngazi 91. Mara nne ni 364, na jukwaa la juu linatimiza 365, idadi ya siku za mwaka. Simama ukitazama ngazi, hatua kumi na tano hivi kutoka chini, upige kofi moja kavu. Mwangwi unaorudi hausikiki kama kofi bali kama mlio wa ndege unaoshuka. Kila ngazi inarudisha sauti kivyake. Ya chini inafika haraka na kwa kufuatana karibu, ya juu inachelewa na nafasi kati ya mwangwi mmoja na mwingine inaongezeka, kwa hiyo sikio linasikia sauti nyembamba ikinenepa. Wengi huufananisha na ndege aitwaye kwetsali, aliyekuwa na heshima kubwa kwa Wamaya. Kama wajenzi walikusudia hivyo au la, hapo wataalamu hawajakubaliana. Fanya hivi asubuhi, maana saa sita makofi ni ya watu mia mbili na husikii lolote.

Ile piramidi ina piramidi nyingine ndani, na ndani ya hiyo kuna ya tatu, iliyotangazwa mwaka 2016. Kivuli cha nyoka kinachoteremka kando ya ngazi huonekana jioni ya siku za mlingano wa usiku na mchana, mwezi wa tatu na wa tisa. Kwa kuwa huonekana pia siku chache kabla na baada, nenda siku hizo za pembeni, uikwepe ile yenye umati.

Uwanja wa mpira wa Wamaya wa kale una urefu wa mita 168, na pete za mawe ziko mita 6 juu ukutani. Kutoka El Castillo, barabara ya kale ya mawe inakwenda takriban mita 300 hadi Cenote Sagrado, kile kisima unachokiuliza. Hiki hakiogelewi. Ni shimo la kama mita 60 kwa upana, maji ya kijani, na wenyeji wa kale hawakuyanywa. Ya kunywa yalitoka kwenye senote nyingine, Xtoloc. Kuanzia mwaka 1904 Mmarekani Edward Thompson alikikwangua kwa mashine akatoa dhahabu, vito vya kijani vya jade, ubani na mifupa, na vitu vingi vikaishia Marekani kwenye Jumba la Makumbusho la Peabody la Chuo Kikuu cha Harvard.

Hadithi ya mabinti bikira haisimami. Mifupa ya kisimani ni ya wanaume, wanawake na watoto wengi. Mwaka 2024 ulichapishwa uchunguzi wa vinasaba vya watoto 64 waliozikwa kwenye tangi la chini ya ardhi karibu na hapo, lililogunduliwa mwaka 1967. Wote walikuwa wavulana, wengi wa umri wa miaka mitatu hadi sita, na ndani yao mlikuwa na jozi mbili za pacha wa kufanana. Vinasaba vyao vinawafungamanisha na Wamaya wanaoishi leo kwenye mji wa jirani. Mwongozaji akisema Wamaya “walitoweka”, mkumbushe kwa adabu kwamba Kimaya cha Yucatán kina wasemaji zaidi ya laki saba, na huenda dereva wake ni mmoja wao.

Nina cheti cha kuzamia cha ngazi ya kwanza nilichopata Unguja. Naweza kuzamia senote ya Dos Ojos? — Kijana wa Paje

Unaweza, kwenye eneo la mlango wa pango tu, ambako mwanga wa mchana unaonekana muda wote. Masharti yake: mwongozaji awe na sifa kamili za kuzamia mapangoni na avae mitungi yake kwa kazi hiyo, asichukue zaidi ya wazamiaji wanne, mfuate kamba iliyofungwa, kila mtu awe na tochi, na mgeuke theluthi ya hewa ikiisha, ili theluthi iwe ya kurudia na theluthi ya dharura. Mbele utakuta kibao chenye picha ya mauti kinachosema usipite. Kinasema kweli: mwaka 2018 wazamiaji walithibitisha kwamba Dos Ojos imeungana na mapango ya Sac Actun, na mtandao mzima ulipimwa kilomita 347 za njia za chini ya maji.

Mambo mawili yatakushangaza. Maji haya ni baridi, sio ya chumvi, kwa hiyo hayakueleshi sana kama ya bahari: uzito uliokuwa ukivaa Unguja punguza kama kilo 2, kisha upimwe tena kwa vazi nene utakalopewa. Na mateke ya juu chini yanatimua tope linalokaa majini muda mrefu. Piga teke la chura, magoti yakiwa yamekunjwa. Ukizamia zaidi ya mara moja, subiri angalau saa 18 kabla ya kupanda ndege, basi usiiweke siku ya mwisho.

Je, si bora kukodi gari wenyewe? — Msomaji wa Kigali

Kwa watu wanne, mara nyingi ndiyo, hasa mkilala Valladolid usiku wa kuamkia siku hiyo. Kutoka hapo Chichén Itzá ni kama kilomita 45, na mnafika wa kwanza langoni bila kuamka usiku wa manane. Asiyetaka kuendesha apande *colectivo*, vigari vya abiria vinavyoondoka vikijaa, karibu na kituo cha mabasi ya ADO. Mchana, kabla ya kurudi, Cenote Zací iko mjini hapohapo kwa miguu.

Bima ya kumlipa mtu wa tatu ni ya lazima na kwa kawaida haimo kwenye bei ya mtandaoni, kwa hiyo gari la dola kumi kwa siku halitakuwa la dola kumi mezani. Barabara ya bure hupita vijijini na ina matuta mengi, mengine hayajapakwa rangi. Ya kulipia ni nyoofu, lakini vituo vya mafuta ni vichache, jazeni tangi mjini. Kwenye pampu, mmoja ashuke ahakikishe inasoma sifuri kabla ya kuanza kujaza, na noti itajwe kwa sauti wakati wa kumkabidhi mhudumu.